Ricky Lee, yatima wa Daet aliyewafungulia waandishi wa filamu mlango wa nyumba yake

Katika mji wa Manila, mji mkuu wa Ufilipino, kuna barabara ndefu ya maduka na majumba ya zamani ya sinema. Kwenye ramani imeandikwa Rizal Avenue, lakini wakaaji wanaiita tu Avenida. Kwenye barabara hiyo, katika miaka ya 1960, kijana mmoja alianguka chini akazimia. Hakuwa mgonjwa wala hakugongwa na gari. Alikuwa na njaa.

Kijana huyo alikuwa ametoka jimboni kwa basi, akiwa amewatoroka ndugu waliomlea. Manila hakuwa na kwake. Alifanya kazi ya kuhudumia wateja mkahawani, akazunguka barabarani, mpaka siku mwili ulipokataa. Baadaye jamaa yake mmoja alimpokea nyumbani. Jina lake ni Ricardo Lee, lakini Wafilipino wanamjua kwa jina la Ricky Lee. Tangu mwaka 1973 ameandika filamu zaidi ya 150, na mwaka 2022 serikali ya inchi yake ilimpa cheo cha Msanii wa Taifa.

Wanaotazama filamu hukumbuka sura za waigizaji. Ni wachache wanaojiuliza ni nani aliyekaa peke yake na karatasi miezi mingi kabla kamera haijawashwa. Kazi ya mtu huyo inaitwa sinario. Humo ndimo kunaandikwa nani anaingia mlangoni, anasema nini, ananyamaza wapi, na jua linazama saa ngapi. Sinario ikiwa mbovu, hata mwigizaji hodari hawezi kuiokoa. Filamu ikifaulu, muongozaji na waigizaji ndio wanaopigwa picha, na mwandishi anabaki nyuma ya umati. Ricky Lee amefanya kazi hiyo ya nyuma ya umati karibu miaka hamsini.

Alizaliwa mwaka 1948 katika mji wa Daet, jimbo la Camarines Norte, kusini-mashariki mwa Manila. Mama yake alifariki yeye akiwa na miaka mitano. Baba yake alimwona mara chache tu, mpaka naye akafa. Mtoto akalelewa na ndugu wa ukoo katika mji uleule. Shuleni alikuwa wa kwanza darasani, lakini sehemu aliyoipenda ilikuwa maktaba. Alikaa humo saa nyingi hata siku moja akashukiwa kwamba ndiye anayechana kurasa za vitabu. Kitu kingine alichopenda kilikuwa sinema. Mtoto asiye na mama wala baba wa kumsimulia hadithi jioni alizitafuta hadithi mahali zilipopatikana.

Akiwa bado sekondari alishinda tuzo yake ya kwanza ya uandishi. Baada ya Manila kumlaza njaa na kumwamsha, aliingia Chuo Kikuu cha Ufilipino kusoma fasihi ya Kiingereza. Hakumaliza, hakupata diploma. Miaka mingi baadaye chuo hichohicho kilimwita afundishe uandishi wa sinario. Mwaka 1970 na mwaka 1971, mfululizo, hadithi zake fupi zilipata nafasi ya kwanza katika tuzo ya Palanca, ambayo kwa waandishi wa Ufilipino hakuna iliyo kubwa kuliko hiyo.

Kisha ikaja Septemba 1972. Rais Ferdinand Marcos alitangaza utawala wa kijeshi. Magazeti yalifungwa, wanafunzi na waandishi wakaanza kukamatwa. Ricky Lee alikuwa katika kikundi cha waandishi kilichoitwa PAKSA, kilichotaka fasihi iwatumikie watu wa chini. Alijificha pamoja na wenzake. Mwaka 1974 askari walimkamata, na alifungwa karibu mwaka mmoja katika kambi ya jeshi ya Fort Bonifacio.

Alipotoka alirudi kwenye kazi aliyoijua, akaandika habari katika majarida. Kazi ya uandishi wa habari inamfundisha mtu kusikiliza, kuuliza tena, na kutojifanya kwamba anajua maisha ya mwingine kabla hajaambiwa. Masomo hayo yalionekana kwenye filamu ya Jaguar ya mwaka 1979, iliyoongozwa na Lino Brocka. Sinario yake Ricky Lee aliiandika pamoja na Jose Lacaba, mshairi ambaye naye alikuwa amefungwa na watu wa Marcos. Watu hao wawili waliotoka gerezani ndio walioandika filamu ya kwanza ya Ufilipino kuingia katika mashindano makuu ya Cannes, kule Ufaransa, mwaka 1980.

Jina la filamu hiyo halihusu mnyama. Mlinzi wa mlangoni kule Ufilipino anaitwa guwardya. Watu wa mjini waligeuza silabi za neno hilo mbele-nyuma, likawa jaguar. Filamu inamfuata mlinzi maskini anayeishi katika kartie ya vibanda. Siku moja anamtetea bosi wake katika ugomvi, bosi anamfurahia, anamfanya mtu wa karibu, anampeleka kwenye sherehe za matajiri. Mlinzi anaanza kuamini kwamba amekuwa mmoja wao. Siku anapoua mtu kwa kumtetea bosi, bosi hamjui tena. Mlinzi anabaki na polisi.

Katika miaka hiyo Ricky Lee aliandika pia filamu za wanawake pamoja na muongozaji Marilou Diaz-Abaya: Brutal mwaka 1980, Moral mwaka 1982, Karnal mwaka 1983. Brutal inaanza na mwanamke aliyemuua mume wake na sasa hasemi neno hata moja. Mwandishi wa habari, mwanamke mwenzake, anakwenda kuwauliza waliomjua, na kidogo kidogo ndoa ile inafunuliwa. Waigizaji wa Ufilipino wa wakati ule walikuwa wamezoea kupewa nafasi ya mke mwema anayelia au ya mwanamke mbaya anayeharibu nyumba za watu. Kwenye karatasi za Ricky Lee walipewa watu kamili, wenye hasira na wenye sababu.

Lakini filamu iliyolibeba jina lake mbali zaidi ni Himala, maana yake Muujiza. Na historia ya feza zake inashangaza.

Kampuni kubwa za filamu za Manila zilitaka filamu za haraka zenye nyota na vituko. Mwaka 1982 serikali ilianzisha shirika la kusaidia filamu za namna nyingine, na msimamizi wake alikuwa Imee Marcos, binti wa Rais. Shirika lilifanya shindano la sinario. Moja kati ya sinario zilizoshinda ilikuwa ya Ricky Lee. Mtu ambaye jeshi la Rais lilimfunga miaka minane kabla alikuwa sasa analipiwa filamu na shirika la binti ya Rais. Ilipigwa katika jimbo la Ilocos Norte, nyumbani kwa familia ya Marcos, kwa bajeti ya peso milioni tatu. Muongozaji alikuwa Ishmael Bernal.

Wazo lilitoka katika tukio la kweli. Mwaka 1966 na 1967, kwenye kisiwa kidogo kinachoitwa Cabra, habari zilienea kwamba msichana mdogo amemwona Bikira Maria, na mahujaji wakamiminika. Ricky Lee alilichukua wazo hilo akalipeleka katika kijiji alichokibuni, Cupang. Ni kijiji cha ukame. Mvua haijanyesha muda mrefu na watu wanaamini wamelaaniwa. Siku jua linapopatwa, msichana anayeitwa Elsa anapiga magoti mlimani na kusema amesikia sauti na kumwona Bikira.

Baada ya hapo habari inakimbia. Elsa anaanza kuwaombea wagonjwa, na wengine wanasema wamepona. Mabasi ya mahujaji yanafika. Wanaouza maji wanauza, wanaokodisha vyumba wanakodisha, picha na sanamu zinapangwa mezani, hata nyumba ya makahaba inafunguliwa. Kijiji kilichosahauliwa kinaonja feza. Kuna anayeamini kwa moyo wote, na kuna anayehesabu noti. Mara nyingi ni mtu yuleyule.

Kati ya waliofika kuna kijana wa mjini anayeitwa Orly. Yeye ana kamera na anataka kutengeneza filamu juu ya Elsa. Usiku mmoja Elsa na rafiki yake Chayong wanabakwa. Orly anaona, wala hawatetei. Baadaye dhamiri inamsumbua, anakwenda kumwambia padri, lakini watu wa kijiji hawaambiwi kitu. Chayong anajinyonga. Kipindupindu kinaingia, watoto wanakufa. Kisha Elsa anaonekana ana mimba, na umati unaitangaza mimba hiyo kuwa muujiza mwingine.

Hapo ndipo ilipo sehemu ngumu kuliko zote katika sinario hii. Wanaojua ukweli ni wachache, na kila mmoja ana sababu ya kunyamaza. Mwenye kamera ananyamaza kwa aibu, labda pia kwa sababu filamu yake inakuwa nzuri zaidi. Wafanyabiashara wananyamaza kwa sababu ya biashara. Umati hauulizi, kwa kuwa umechoka kuteseka na unahitaji kitu cha kushika. Mwandishi aliyefungwa kwa maneno yake aliiandika sura ya msimuliaji anayeona ubaya na kuufanya malighafi. Hakumpa Orly pembe za shetani. Alimfanya kijana mwerevu, mpole, anayefanana na watu wa kazi yake mwenyewe.

Mwishoni mvua inanyesha. Elsa anawaita watu wote mlimani, maelfu kwa maelfu, na anawaambia kwamba muujiza hakuna: imani na laana, vyote vinatoka ndani ya watu wenyewe, na watu wenyewe ndio wanaotengeneza miungu. Risasi inalia kutoka kwenye umati. Elsa anaanguka. Watu wanakanyagana wakikimbia. Na baada ya yote, wanarudi kupiga magoti na kusali, kana kwamba hawakusikia aliyoyasema.

Aliyeigiza Elsa ni Nora Aunor, msichana wa eneo hilohilo la Bicol alikotoka Ricky Lee, ambaye utotoni aliuza maji kwa abiria wa treni kabla hajawa nyota. Anasimama juu ya kilima, uso wake hautulii na hautetemeki, sauti yake peke yake inabeba umati mzima. Mwaka 1983 filamu ilishindana Berlin, Ujerumani. Mwaka 2008 watazamaji waliopiga kura kupitia televisheni ya CNN waliichagua kuwa filamu bora ya Asia na Pasifiki ya nyakati zote. Mwaka 2012 ilisafishwa upya na kuonyeshwa Venice, Italia.

Inchi ile ilikuwa chini ya mtu aliyetaka kuabudiwa, na shirika la binti yake lililipia filamu inayosema kwamba watu ndio wanaotengeneza miungu yao. Feza zilitoka kwa watawala. Hadithi haikuwa yao. Miaka minne baadaye, Februari 1986, watu wa Manila walijaa barabarani na Marcos akakimbilia Hawaii.

Mtu anaweza kudhani kwamba baada ya Himala Ricky Lee alichagua upande mmoja na kuukataa mwingine. Hakufanya hivyo. Aliandika filamu za kampuni kubwa, aliandika na filamu za bajeti ndogo. Kwa Brocka alishiriki kuandika Macho Dancer, filamu ya mwaka 1988 juu ya vijana wa vijijini wanaouza miili yao katika vilabu vya usiku vya Manila, na baadaye aliendelea na maisha ya vijana hao katika filamu tatu za muongozaji Mel Chionglo. Mwaka 1999 Diaz-Abaya aliongoza Muro-Ami, ambayo Ricky Lee aliiandika pamoja na Jun Lana. Ni juu ya watoto wanaopelekwa baharini kuzamia na kupiga matumbawe kwa mawe ili samaki watoke waingie wavuni. Watoto hao hawavai vifaa vya kupumulia. Wengine hawarudi juu.

Kuna filamu nyingine yake ambayo familia zilizotawanyika zitaielewa bila maelezo. Mwaka 1995 serikali ya Singapore ilimnyonga Flor Contemplacion, mfanyakazi wa nyumbani kutoka Ufilipino, kwa kosa la kuua. Wafilipino wengi waliamini hana hatia, na mji baada ya mji watu waliandamana. Mamilioni ya Wafilipino wanafanya kazi nje ya inchi, wakituma feza kwa watoto wanaokua bila kuwaona. Mwaka huohuo filamu ya maisha ya Flor ilitoka. Ricky Lee aliiandika pamoja na Bonifacio Ilagan, mfungwa mwingine wa zamani wa utawala wa Marcos. Nora Aunor aliigiza. Filamu hiyo ilipata tuzo kuu kwenye tamasha la Cairo, Misri, huku kwetu Afrika.

Mwaka 2000 alirudi kwenye jambo hilo na Anak, yaani Mtoto, aliyoshirikiana kuandika na Raymond Lee. Mama anarudi kutoka Hong Kong alikolea watoto wa watu wengine. Nyumbani anakuta watoto wake hawamjui. Binti mkubwa hataki hata zawadi zake. Hakuna mwovu katika nyumba ile. Mama alikwenda ili wale, watoto walikula lakini walikua peke yao, na sasa kila mmoja ana deni ambalo mwingine hawezi kulilipa. Mwandishi aliyempoteza mama akiwa na miaka mitano aliwapa pande zote mbili maneno ya haki.

Orodha hiyo ya filamu ingetosha kwa maisha ya mtu. Lakini huko Ufilipino waandishi wengi wakimtaja Ricky Lee wanaanza na nyumba yake.

Tangu mwaka 1982, mwaka uleule wa Himala, amekuwa akifundisha uandishi wa sinario nyumbani kwake bila malipo. Wanaofika ni wanafunzi, walimu, wafanyakazi wa ofisi, watu wasio na kazi. Wanaandika, wanasomeana, wanakosoana, wanarudi kuandika upya. Mamia kwa mamia wamepita humo, na wengi wao leo ndio wanaoandika filamu na michezo ya televisheni ya inchi ile.

Somo hilo aliliweka pia katika kitabu, Trip to Quiapo, safari ya kwenda Quiapo. Quiapo ni kartie maarufu ya Manila yenye kanisa na soko. Mtu anaweza kufika huko kwa njia nyingi: kwa basi, kwa miguu, kwa kuzunguka mbali. Ndivyo alivyoielezea kazi ya kuandika: mahali pa kufika panaweza kuwa pamoja, lakini kila mwandishi atafute njia yake. Kitabu kina jina la Kiingereza, lakini ndani kimeandikwa kwa Kifilipino, lugha ya watu wanaopanda basi hilo. Kinasomwa katika vyuo vya inchi nzima.

Faida ya kazi hiyo ilionekana wazi wakati kamera za dijitali zilipofika. Zamani mkanda wa filamu pekee ulikuwa wa bei kubwa, na asiye na kampuni nyuma yake hakuwa na la kufanya. Mwaka 2005 lilianza tamasha la filamu huru linaloitwa Cinemalaya, ambalo liliwapa waliochaguliwa peso 500,000 kila mmoja ili watengeneze filamu yao. Kwa filamu ni feza kidogo sana. Lakini mwaka huo wa kwanza ilitoka filamu ya Maximo Oliveros, mtoto wa kartie maskini anayempenda polisi, iliyoandikwa na Michiko Yamamoto, nayo ikazunguka dunia. Mwaka 2009 Brillante Mendoza alipata tuzo ya muongozaji bora kule Cannes kwa filamu ya Kinatay, iliyoandikwa na Armando Lao. Filamu hizo zilitengenezwa kwa bajeti ndogo, katika vichochoro vya kweli. Kitu ambacho hazikuweza kukosa ni mtu anayejua kuandika. Kamera ilishuka bei. Kuandika kunajifunzwa polepole kama zamani, na mahali pa kujifunzia bila kulipa palikuwa tayari kwa zaidi ya miaka ishirini.

Mzee Ricky mwenyewe hakusimama. Mwaka 2008 alitoa riwaya yake ya kwanza, Para kay B, na mwaka 2011 nyingine. Mwaka 2022, alipotangazwa Msanii wa Taifa, majina mengine mawili ya sinema yalitajwa siku hiyohiyo: Nora Aunor, Elsa wa mlimani, na Marilou Diaz-Abaya, ambaye alikuwa ameshafariki mwaka 2012. Watu watatu waliofanya kazi pamoja walipewa heshima pamoja, mmoja akiwa kaburini. Nora Aunor naye alifariki Aprili 2025.

Cheo cha Msanii wa Taifa kinakuja na medali na posho ya serikali. Ni serikali ambayo zamani ilimpa selo. Kijana aliyeanguka Avenida hakudai chochote kwa waliompita barabarani siku ile. Kinachojulikana ni kwamba jamaa mmoja alimfungulia mlango, akala, akalala, akaamka. Na alipopata mlango wake mwenyewe, aliuacha wazi kwa anayekuja na karatasi mkononi, bila kumwomba hata peso moja.